Tulipomtafutia Mtoto Jina Baya la Kizungu

Pasi ya makaa ina harufu yake. Si moshi tu. Ni moshi, nguo yenye unyevu na wanga, vyote vikikutana kwenye chuma moto. Juzi nilikuwa Soweto West, kule Kibera, kuangalia paa la vyumba vyangu vya kupangisha, harufu hiyo ikanikamata mlangoni kwa mpangaji mmoja, msichana aliyebeba mtoto mchanga mgongoni. Stima ilikuwa imepotea, naye amerudia pasi ya zamani. Nikamuuliza mtoto anaitwa nani.

"Jayden, shosh," akasema, akiniita nyanya kwa Sheng yao.

"Maana yake?"

"Haina maana, ni jina tu. Si iko poa?"

Nikacheka, nikaketi kwenye ndoo yake. Mimi shule niliacha darasa la nne, na anayetaka kunicheka anicheke akiwa amesimama nje ya nyumba nilizojenga mwenyewe. Lakini habari ya majina ya Wazungu, hapo hunidanganyi. Niliyajua nikiwa mtoto pale mtaa wa Kongo, Kawangware, wakati nyumba yetu nzima ilipohangaika kumtafutia mtoto jina baya.

Ndiyo, baya. Ngoja niwaeleze.

Mama alikuwa amezika watoto wawili walionifuata, na hakuna aliyefika kuota meno. Alipojifungua mwingine, mvulana, Susu alikuja kutoka Kitui na kiondo chake begani. Susu ndiye nyanya kwa Kikamba, huyu alikuwa mama ya baba, na kwetu nyanya ndiye mwenye neno juu ya jina. Akamfunua mtoto, akamgeuza huku na huku kama mtu anayenunua kuku, akasema, "Huyu ni Mbiti."

Mbiti ni fisi. Nyumba ikizoewa na kifo, sisi Wakamba humpa mtoto jina la kitu kisichotamaniwa na yeyote. Kifo kikipita kiulize nani yumo ndani, kiambiwe ni fisi, kiteme mate kiende zake. Mimi wakati huo nilijua aibu tu. Nikitoka kuchota maji, watoto wa ploti walinipigia kelele, "Nduku! Fisi yenu imekula mifupa leo?" Nilirudi nyumbani nikimwangalia Susu kwa jicho baya. Nilidhani hampendi ndugu yangu.

Karibu na Pasaka akaja mwinjilisti wa kanisa letu, Kalvin, mtu mwema mwenye sauti ya pipa. Alisema mtoto abatizwe, na ubatizo ulitaka jina la Kikristo, na la Kikristo siku hizo lilikuwa la Kizungu. Yeye mwenyewe akapendekeza Felix. "Maana yake ni mwenye bahati," akasema. Mama alilipenda. Alilikoroga ndani ya nyimbo zake akifua nguo: Felix wangu, Felix wa mama.

Wiki haikuisha mtoto akashikwa na homa. Akakataa titi.

"Mwenye bahati!" Susu alijipiga mapaja. "Mmeenda kusimama barabarani, mkatangaza kwamba hapa kuna kitu kizuri. Sasa kifo kimesikia."

"Mama, ubatizo si uchawi," baba akasema.

"Nani amekataa ubatizo? Mbatizeni! Lakini kwa jina baya. Ama Wazungu wako hawana jina baya? Kama hawana, mimi na Mbiti tunapanda basi kesho."

Hatukuwa wajinga, tulimpeleka mtoto zahanati na dawa akapewa. Lakini nilimwona mama akimkanda kwa kitambaa cha maji, midomo ikitaka kusema Felix na kurudi. Alitaka mtoto wake awe wa Mungu na alitaka kifo kisimjue, na majina hayo mawili yalikuwa yanavutana juu ya kifua kimoja kidogo. Sikuwa nimewahi kumwona mtu mzima akiogopa jina.

Aliyetuokoa ni Anti Mwende, mdogo wa mama. Alikuwa akifanya kazi ya nyumba Lavington, kwa mama mmoja mzee wa Kizungu, mjane, aliyependa majina vile wengine wanapenda maua. Mama akamtuma: muulize, Wazungu hawana jina baya?

Jioni Anti alirudi, akavua viatu, akamwaga habari. Mzee yule alikuwa amecheka mpaka akatoa leso. Kisha akasema majina mabaya kwao yamejaa.

"Cameron," Anti akaanza, "ni pua iliyopinda. Campbell, mdomo uliopinda."

"Wee!" Susu akaacha kupepeta maharagwe.

"Na Smith ni mhunzi tu. Taylor, fundi wa kushona. Cooper ni mtu wa kutengeneza mapipa. Johnson ni mtoto wa John."

"Kama vile sisi tunavyosema Mutua wa Kioko?" Susu akauliza.

"Vilevile, mama."

Sitasahau uso wa Susu. Maisha yake yote aliwajua Wazungu kama watu wa kupita na gari, watu wa karatasi na amri. Na hapo kwenye kigoda akagundua kwamba nao wana babu mhunzi na babu mwenye pua iliyopinda, na kwamba kijiji kizima kilimcheka hadi kicheko kikawa jina la ukoo. Alitikisa kichwa kwa heshima. "Hao ni watu," akasema. "Hao wameketi na nyanya zao."

Lakini kazi ilikuwa bado. Pua na mdomo uliopinda, Susu alisema, ni mambo ya kuchekesha, hayafukuzi kitu. Anti akatoa jingine. "Kuna Claude. Kiwete."

"Sitamwita mwanangu kiwete halafu nimwone akichechemea," mama akasema.

"Cecil. Kipofu."

"Mwende! Umetumwa kuniua?"

"Basi Paulo. Liko kwenye Biblia, hakuna atakayeuliza. Ni mdogo."

Susu akaruka. "Mdogo! Kifo kinataka nini kama si wadogo?"

Baba akatoka nje kuvuta sigara, nikaona mabega yake yakicheka. Anti alikuwa amechoka, alikuwa amepiga pasi tangu asubuhi. Akasema limebaki moja tu, tena mzee alilisema wakati anafunga geti. "Kennedy. Kwa lugha ya wazee wao, ni kichwa kibaya."

Susu akaomba apewe mtoto. Alizaliwa kwa shida yule, kichwa kilikuwa kimevutwa nyuma kama boga lililokua kati ya mawe mawili. Susu akakishika kwa mikono yote miwili.

"Hiki?" akasema. "Hawajadanganya." Mama akacheka, mara ya kwanza tangu homa ianze, akacheka huku machozi yakimtoka.

Homa iliteremka. Kama ni dawa, kama ni jina, kila mtu nyumbani alikuwa na jibu lake, na mimi sibishani na aliyepona. Siku ya ubatizo Kalvin alituuliza jina. Mama akamwambia, na maana yake akamwambia, hakumficha. Nami mdomo wangu haukuwa na mlango: "Na Kalvin ni kipara! Anti alisema!" Baba akanifinya. Mwinjilisti akavua kofia, akajipapasa kichwa kilichong'aa kama sufuria mpya, akacheka kwa ile sauti ya pipa. "Wazazi wangu waliona mbali," akasema. Kisha akamtazama mama, akatulia. "Mungu anajua kilicho nyuma ya jina. Leteni mtoto."

Susu hakuingia kanisani maishani mwake. Alisimama dirishani, akasikia kwa masikio yake mtu akisema Kichwa Kibaya mbele ya madhabahu. Tulipotoka alimtemea mtoto mate kifuani, ambayo ndiyo baraka ya kwetu, akarudi Kitui ametosheka. Majirani nao walisifu: jina kubwa hilo, jina la watu wa maana! Mama aliitikia tu kwa tabasamu.

Kennedy yupo. Ana wajukuu na mdomo mwingi.

Mimi nilibaki na lile jicho baya kwa Susu miaka mingi, hata baada ya yeye kufa. Niliona kazi ile yote kama kichekesho. Kisha nikaolewa, nikazika wa kwanza, nikazika wa pili. Wa tatu alipozaliwa walinilaza naye hospitalini, msichana, nywele zimejaa, vidole kama vya kuchongwa. Alikuwa mzuri kiasi cha kuniogopesha. Nikajikuta nimemwinamia sikioni, kwa sauti ya Susu kabisa, namwambia, "Wewe ni mbaya. Mbaya sana. Hakuna anayekutaka."

Nesi akanigeukia kwa hasira. "Mama! Mbona unamtusi mtoto wako?"

Nilivuta blanketi, nikamfunika mpaka masikioni.