Baba na Nyumba ya Wasafiri

Mpaka leo mtu akiniuliza baba yangu aliondolewa usimamizi wa wakfu kwa kosa gani, huanza kumjibu kwa kujiamini, nikifika katikati napotea. Ndugu zangu wana majibu yao. Mmoja anasema fitina, mwingine anasema Waingereza. Mimi nilikuwapo, kahawa ya wakubwa niliipeleka mwenyewe, na sijui.

Nyumba ilikuwa mtaa wa Isevya, Tabora, vyumba vinazunguka ua, kisima katikati. Babu yake baba aliijenga enzi za misafara, akaiweka wakfu kwa wasafiri. Yeyote anayepita Tabora, awe wa dini yoyote, alale bure siku tatu, apewe maji na mahali pa kupikia. Haiuzwi, hairithiwi. Mtu mmoja wa ukoo huwa msimamizi, na zamu hiyo ilikuwa ya baba. Sisi tulikaa chumba cha mlangoni kwa sababu ya kazi yake. Misafara ilikwisha, reli ikaja, lakini watu hawakuacha kusafiri.

Mgeni akipiga hodi, baba alimpa maji kwanza, kisha akamuuliza, "Umetoka wapi, na huko hawajambo?" Basi. Kumuuliza mgeni anaondoka lini, kwake lilikuwa tusi, sawasawa na kumwambia toka. Kwa hiyo hakuuliza. Na wageni, kwa adabu ileile, hawakusema.

Ndivyo fundi cherehani alivyokuja kungoja treni ya Kigoma, akapata nguo mbili tatu za kushona, akaweka cherehani yake barazani, akaoa, akazaa. Ndivyo mama mmoja Mkristo wa Choma alivyomleta binti yake hospitali, binti akapona, mama akabaki anauza vitumbua. Vyumba vingine vilijaa hivyohivyo. Niliwaita wajomba na mashangazi. Kwamba walikuwa wasafiri halikunijia kichwani hata siku moja.

Masika moja, jioni, akaja mtu wa Ujiji na mkewe mjamzito. Baba akawapa maji, akawauliza wametoka wapi, halafu akabaki amesimama. Nafasi haikuwapo. Alitaka yule mama alale chumbani kwetu, ambako mama yangu alikuwa na mtoto mchanga. Mume akakataa. Alisema njia nzima ameambiwa Tabora kuna nyumba ya wasafiri, hakuja kuomba chumba cha mtu. Wakalala barazani. Mvua ikaja na upepo. Cherehani ilikuwa imefunikwa turubai, wao blanketi letu moja lililolowa mara moja. Asubuhi nilimwona yule mama akikamua kanga yake, anatetemeka, na mumewe akaenda moja kwa moja kwa kadhi.

Kadhi naye akalifikisha shauri bomani, maana msimamizi wa wakfu haondolewi hivihivi tu, serikali lazima iangalie. Haikupita muda wakaja wote wawili, kadhi na Bwana Shauri, mkuu wa boma, Mwingereza mwembamba aliyejua Kiswahili kuliko alivyotaka tujue. Walikataa kusikiliza maneno ofisini. Walitaka kuiona nyumba yenyewe. Tukawatandikia mkeka na kiti uani.

Wageni wetu wa vyumbani walikuwa wamekwisha kupatana kumtetea baba, na mimi nilijua tumeshinda. Nani angesikia maneno yao akamwondoa?

Fundi akasimama wa kwanza. "Bwana, huyu si mtu wa kawaida. Nimekuja hapa sina ndevu. Hajaniuliza hata mara moja nitaondoka lini."

Mama wa Choma akapiga magoti, akapiga makofi ya heshima, akaamkia kwa Kinyamwezi. "Mwangaluka, bwana. Mimi si wa dini yake. Binti yangu amekulia hapa, ameposwa hapa. Nikitaja safari, yeye ndiye ananizuia."

Wakafuata wengine, kila mmoja akitaja miaka yake kwa fahari, na mimi na sinia langu natabasamu kama mjinga. Nikamtazama kadhi ili nione anavyofurahi. Alikuwa ameinamisha kichwa. Akauliza kwa upole, "Na msafiri akija leo, atalala wapi?"

Fundi hakusita. "Atatafutiwa pa kulala, shehe. Mzee hamfukuzi mtu."

Kadhi akaweka kikombe chini. Baba akafumba macho. Nadhani yeye alielewa palepale. Mimi niliendelea kumimina kahawa.

Uamuzi ulisomwa mbele yetu siku chache baadaye. Baba hakula kitu cha wakfu, na hakuna aliyemtuhumu hivyo. Lakini nyumba ilitolewa kwa wasafiri na yeye aliwapa wakazi. Anaondolewa, na nafasi yake inashikwa na binamu yake, mfua bati. Wakazi wahame mvua zikiisha. Na sisi pia, kwa kuwa chumba ni cha kazi na kazi haipo tena. Nilimchukia kadhi. Kisha nikamkumbuka yule mama akikamua kanga, nikamkasirikia baba, kisha nikajikasirikia kwa kumkasirikia baba. Hasira yangu ilikosa pa kukaa.

Tulihamia kijiji cha Puge, kwa kaka zake mama. Baba alilima vibaya, wala hakulalamika. Nilipokuwa nimeshaolewa, macho yake yakaanza kuharibika, nikampeleka hospitali Tabora. Hakutaka kufikia kwingine ila nyumba ile. Binamu yake akatupa maji.

"Umetoka wapi, kaka?"

"Puge."

"Unaondoka lini?" Aliuliza huku anatazama ukuta.

"Siku tatu," baba akasema, na sauti yake haikuwa na kinyongo chochote.

Siku ya tatu hospitali ikamwambia arudi wiki ijayo. Isitoshe, alikuwa na homa. Nikamkuta anakunja mkeka wake kwa kupapasa. Binamu alikuwa mlangoni, anaona haya. "Kaka, lala. Vyumba vitupu vipo. Nani atakuuliza?"

Baba akakaza kamba ya mkeka. "Hivyohivyo ndivyo nilivyoanza mimi," akasema.

Nikamshika mkono tukatoka, nimechanganyikiwa kuliko siku ile uamuzi uliposomwa. Tukaishia kwa fundi cherehani, aliyekuwa amepanga chumba kimoja nyuma ya soko, yeye na watoto wake wote. Alimkalisha baba kitandani, akampa maji, akamuuliza ametoka wapi. Hakumuuliza zaidi ya hapo.