Nchi ya Hewa Nne

Mume wangu aliporudi kutoka machimbo ya zahabu ya Mwenga, alikuja na blanketi jipya alilopewa siku ya kuachishwa kazi, na kifua kilichojaa vumbi la mawe. Hatukuwa tumepata mtoto. Tulipanga chumba kimoja Cimpunda, kwenye mteremko, na kila asubuhi nilishuka kuuza maharage sokoni Kadutu. Yeye alishinda ameketi kitandani, ameegemea gunia la majani makavu ya migomba, maana akilala chali alikuwa kama mtu anayezama.

Mchana mmoja nilirudi nikamkuta anatazama bati la paa.

"Mama," akaniita kama kawaida yake, "kule sokoni hewa iko namna gani?"

"Iko nzito. Moshi na harufu ya samaki mukavu."

"Na hapa kwetu?"

"Hapa kuna kaupepo."

Akaniambia kwamba shimoni nako kulikuwa hivyo: chini kabisa joto la kubana, katikati maji yanayodondoka, mdomoni pa shimo ubaridi. "Sasa uwaze inchi muzima ya namna ile," akasema. "Hewa juu ya hewa, sawa nyumba ya etaje."

Ndivyo tulivyoanza kuibuni nchi hiyo. Ghorofa ya chini tuliiwekea ukungu mzito kama uji. Watu wake waliutenga kwa mikono wakitembea, na neno ukilisema lilianguka miguuni pako kabla ya kufika kwa jirani, kwa hiyo walizungumza mdomo kwenye sikio. Juu yake palikuwa na upepo wa joto uliovuma upande mmoja tu tangu mwanzo wa dunia. Mihogo ilikauka mikononi mwa mwenye kuianika.

"Na mutu akitaka kurudi kwake?" nikamuuliza.

"Anazunguka inchi yote."

Tulicheka mpaka akakohoa, nikamshikia bakuli, nikaenda kulimwaga nyuma ya nyumba ili asione rangi yake.

Ghorofa ya tatu ilikuwa yangu. Niliiwekea mvua isiyoanguka. Matone yalining'inia, ng'ombe wakainua vichwa na kunywa. Alikataa. Mvua haiwezi kusimama, alisema. Nikamjibu, "Hii ni inchi yetu, papa. Inaweza." Mwishowe akaniachia. Ya nne, ya juu kabisa, aliipanga peke yake. Hewa ya huko ilikuwa nyepesi, na mtu alivuta pumzi moja tu asubuhi, ikamtosha mpaka jioni. Alipoieleza hiyo hakucheka.

Mganga wa dispanseri alipomsikiliza kifua alisema dawa hakuna, labda hewa ya mlimani ingemsaidia. Kaka yake mkubwa alikuwa na nyumba huko Miti, mlimani. Tulipanda kwa lori lililokuwa likirudi tupu kuchukua magome ya kinini, yale ya dawa ya malaria, yeye akakaa mbele na dereva, mimi nyuma juu ya magunia matupu. Njiani niliona shingo yake imenyooka, anatazama milima. Nikajua anafikiria ile ghorofa ya nne. Mimi pia niliifikiria.

Miti ilitupokea kwa baridi. Ukungu ulishuka kutoka msituni kila asubuhi ukaingia mpaka jikoni. Shemeji yangu alitupa kuni, alitupa maziwa, alifanya yote anayoweza kufanya ndugu. Lakini mume wangu alianza kuhema kwa sauti, mbavu zikionekana kupanda na kushuka chini ya shati. Hata juma la pili halikuisha.

"Tulikosea kupanga," akaniambia. "Juu haiko wepesi, mama. Juu iko baridi tu. Ile ya ine, tuifunge."

Tukarudi Cimpunda. Tangu hapo nchi yetu ilibomoka. Siku moja alisema matone yote ya ghorofa ya tatu yameanguka kwa pamoja na ng'ombe wamekufa. Nilikasirika, kwa sababu ilikuwa yangu, nikamwambia hakuniuliza. "Mvua haiulizi," akajibu. Kisha upepo wa joto nao ukasimama. Ukabaki ukungu wa chini, na watu wake wakinong'onezana masikioni, kama yeye sasa alivyoninong'oneza mimi, maana sauti ilikuwa imekwisha.

Nilijaribu. Nilikaa naye nikasema, "Papa, chini ya ukungu kuna ghorofa ingine. Hatukuifungua bado. Kule hewa inatoka—"

Akaweka kidole juu ya mkono wangu.

"Acha, mama. Chini ni udongo."

Alifariki wakati wa kiangazi, mchana, watu wakipita njiani na mizigo yao. Nilikuwa nimemshika mgongo. Nilingoja pumzi nyingine, nikaingoja kwa muda mrefu kuliko ilivyostahili, mpaka jirani aliyekuwa mlangoni akaniondoa mikono.

Shemeji alikuja, tukazika, kisha nikarudi kwa wazazi wangu, upande wa Walungu. Huko nilijaribu mara kadhaa kuipanga upya ile nchi nikiwa shambani. Sikufika hata ghorofa ya pili. Kila nilichoweka hakikuwa na mtu wa kukikataa.

Mama yangu aliniuliza siku moja: "Wanasema mulikuwa munacheka sana mule ndani, na yeye mugonjwa. Mulikuwa munaongea nini?"

"Hewa," nikasema.

Alitazama mawingu upande wa bonde, akaniambia ndiyo, itanyesha, twende tukaanue mtama.