Nilivyomsifia Kasuku wa Kwenye Filamu

Jamani, mshawahi kumsifia mtu ambaye hayupo duniani? Mimi nilimsifia kasuku. Tena kwenye usaili wa kazi!

Naitwa Yurleidis, wa hapa hapa Barranquilla. Kazi yangu ilikuwa kupika uhakiki wa filamu kwa tovuti moja.

Kupika kwenyewe ni hivi: unachukua uhakiki wa mwenzio, unabadilisha maneno. Yeye kaandika "mrembo", wewe unaweka "kimwana". "Muuaji" unamfanya "mtoa roho". Filamu yenyewe huigusi. Kumi na mbili kwa siku, kichwa kinawaka moto.

Mara gazeti likatangaza nafasi ya mhakiki wa kudumu. Mshahara wa uhakika, bima, sinema bure. Niliitaka ile kazi hadi chakula hakipiti.

Mtihani: andika kuhusu filamu mpya ya mapenzi na taharuki, ya mke anayegundua mumewe alimuua mke wa kwanza.

Mtandaoni nikakuta uhakiki wa mtu anayejiita Jicho la Mtoni. Alimsifia kasuku, eti anataja jina la marehemu mezani, mume anaangusha glasi. Nikabadilisha maneno, nusu saa nimemaliza.

Lakini roho ikanisuta. Nikanunua tiketi, nikaingia na arepa yangu, andazi la mahindi lenye yai ndani, kwenye mkoba. Niliangalia mwanzo mwisho. Nililia mpaka baba wa watu pembeni yangu akanipa leso.

Kasuku sikumwona.

Labda alipita nilipoinama kuokota arepa, nikajiambia. Mwenzangu kaandika kwa uhakika vile, mimi nani nimbishie? Nikamwacha kasuku palepale, nikautuma.

Siku ya usaili tulikuwa wawili tuliobaki, mimi na kaka mmoja, Dagoberto. Mhariri, Doña Eudocia, akatutazama juu ya miwani.

"Haya wanangu, kasuku aliwagusa?"

"Weee, mama! Mwili ulinisisimka wote," Dagoberto akadakia.

"Mimi nilipiga yowe," nikaongeza kwa kimbelembele changu.

"Hakuna kasuku. Jicho la Mtoni ni mimi. Nilimtia makusudi niwanase wezi."

Dagoberto akaaga, eti ana mgonjwa nyumbani. Mimi nikalipuka.

"Mama, haki ya Mungu niliiangalia! Sikumwona, nikadhani macho yangu ndiyo mabovu!"

"Enhe? Mke alifanya nini mwishoni?"

"Aliwapigia polisi. Halafu akamkaangia mumewe ndizi wakati anawasubiri. Akazionja chumvi, zikolee anavyopenda yule bwana. Hapo ndipo nilipolia."

Doña Eudocia alicheka mpaka akashika meza.

"Na hilo mbona hukuliandika, we mtoto?"

"Kwenye uhakiki wako halikuwepo, mama."

Akanisogezea karatasi nyeupe.

"Mimi nililia hapo hapo, nikaona aibu kusema. Kaa uandike. Ukimaliza, tuzungumze mshahara."

Ndugu msomaji, ulichokiona kwa macho yako kiseme. Hata yule unayemuogopa huenda alikiona, akakosa ujasiri tu.