Jina Lililobaki Mdomoni mwa Baba

Harufu ya mafuta ya karafuu ndiyo inayonirudisha nyumbani kwetu Bombambili, Songea, mwaka ule nilipokuwa darasa la tano. Mama alikuwa akiyapasha moto kwenye kibakuli cha bati juu ya jiko la mkaa, kisha anamchua Baba mkono wa kulia tangu begani hadi kwenye vidole, na harufu ile ilikaa kwenye mapazia, kwenye mito, hata kwenye sare yangu ya shule. Ilikuwa Juni, baridi ya Songea imemshikisha adabu kila mtu, ukungu haupandi mpaka jua lichoke kuusukuma. Kabla ya hapo Baba alikuwa mwalimu wa Kiswahili katika shule niliyosoma, na mtu wa maneno hasa. Alikuwa na jina la utani kwa kila mtoto wa mtaa, na mimi akiniita kwa jina langu kamili kutoka getini, “Zuhura binti Mwalimu!”, kwa sauti ambayo majirani waliijua kuliko adhana. Kisha mwishoni mwa masika alianguka bafuni, na aliporudi kutoka hospitali alikuwa na mkono uliolala, mguu unaoburuzwa, na mdomo usiotoa neno. Daktari alisema ni kiharusi. Mimi nilichokielewa ni kwamba Baba ananitazama na haniiti.

Watu hudhani mtu aliyepoteza maneno huwa kimya. Baba hakuwa kimya. Alikuwa akisema “hii, hii, hii” siku nzima, akionyesha kwa mkono wa kushoto, na sisi tunakimbia na vitu: kikombe? shuka? miwani? Tukikosea anapiga paja lake kwa hasira na kugeukia ukutani. Jambo lililotuchanganya zaidi ni kwamba mengine alikuwa nayo. Ukimwambia “Assalamu alaikum” anajibu yote bila kukwama. Wakati wa swala tulimsikia akisoma Alhamdu kuanzia mwanzo hadi mwisho, ametulia, hakosei herufi. Akimaliza, Mama anamuuliza kama anataka maji, naye anarudi kwenye “hii, hii.” Mama alikuwa akijificha jikoni na kulia, kisha anatoka amepaka uso maji, kana kwamba hatujui maji na machozi yanavyotofautiana.

Sasa lazima nieleze kuhusu utani, maana ndio uliotuponza. Baba alikuwa Mngoni, Mama Myao wa Tunduru, na makabila hayo ni watani. Wazee wetu walipigana na kutekana, kisha wakaamua kuyageuza yale yote kuwa kicheko. Mtani anaruhusiwa kukutukana mbele ya wakwe zako, kuingia msibani akadai marehemu amekufa ili kumkwepa, na wewe ukikasirika ndiye mwenye aibu. Ndoa ya wazazi wangu ilianza kwa matusi ya namna hiyo, na nyumbani kwetu hakikupikwa chakula bila mmoja kumsimanga mwenzake.

Mjomba Rajabu, kaka yake Mama, alifika kutoka Tunduru na mfuko wa korosho. Mimi nilimpokea mlangoni, nikamwambia, “Shikamoo, Mjomba.” Akaitikia “Marahaba,” akanipita, akaingia sebuleni bila kuvua koti. Hakumpa Baba pole. Mtani hampi mtani wake pole. Alisimama mbele ya kiti akamkagua juu mpaka chini, akasema, “Alaa! Kumbe bado upo? Mimi nimekuja na sanda, bwana. Dada yangu kanisumbua safari bure.”

Baba aliinua kichwa. Uso wake, ule upande uliokuwa hai, ukacheka. “Mateka wangu we!” akasema, wazi, kwa sauti yake ya zamani. “Nani kakufungua kamba?”

Mama alipiga vigelegele hadi majirani wakaja wakidhani kuna harusi. Mjomba naye akaongeza, Baba akamjibu, wakasukumana hivyo mpaka mate yakamtoka Baba na machozi yakamtoka Mjomba. Mimi nilikaa chini karibu na miguu ya Baba nikisubiri. Nilijua sasa ataniita. Alinipapasa kichwani, akasema, “Hii.” Nilijiambia kwamba amechoka.

Siku iliyofuata Mama alimuuliza, “Utakunywa chai au uji?” Baba alimtazama kama mtu aliyeulizwa njia ya mji asioujua. Mama akamgeukia kaka yake kwa wasiwasi, lakini Mjomba alikuwa amekwisha kukata shauri. “Mtu anaweza kunitukana mimi, ashindwe kuomba chai? Shemeji kapona. Anadeka tu, mnambembeleza mno. Mrudisheni kazini, maneno yataamka.” Hakuwa mtu mbaya, Mjomba. Alimpenda Baba kuliko alivyowapenda ndugu zake wengine, na mtu wa kwao angefikiri vinginevyo vipi? Utani ni akili. Unahitaji kumjua unayemtukana, wakati, mahali, na kipimo. Mwenye utani mdomoni ana akili zake zote, basi ana maneno yake yote. Mtaa mzima uliamini hivyo. Wakaja kumpa Baba mkono wa pongezi, naye akawaitikia salamu vizuri kabisa. Safari za kliniki zikaachwa. Mwalimu mkuu, ambaye naye alimpenda Baba, alikuja, akasalimiana naye, akatoka ameridhika.

Shule zilipofunguliwa Julai, Mama alimfunga Baba vifungo vya shati na mimi nikatembea naye taratibu hadi darasani kwangu. Tulisimama wote. “Shikamoo, Mwalimu!” “Marahaba. Kaeni.” Mungu wangu, nilivyojivuna! Alishika chaki kwa mkono wa kushoto, akageukia ubao, akasimama. Aligeuka tena, akafungua mdomo, akaufunga, akaonyesha ubao. “Hii,” akasema. “Hii.” Kiranja wetu, msichana mwenye adabu sana, alisimama ili kumsaidia. “Samahani, Mwalimu, tufungue ukurasa wa ngapi?”

“Mateka wangu we!” Baba akasema. “Nani kakufungua kamba?”

Darasa lililipuka kwa kicheko. Walidhani Mwalimu wao wa zamani amerudi. Yule msichana mwenyewe alicheka, akauliza tena, na Baba akajibu yaleyale. Niliona jasho likimtoka katika baridi ile. Alikuwa akilitafuta neno lingine kwa nguvu zake zote, na kila akifungua mdomo lilitoka hilohilo, mateka, kamba, mateka, kamba, na sauti yake sasa ikilia. Kicheko kikapungua, kikaisha. Wenzangu wakaanza kuogopa. Ndipo macho yake yakanipata mimi kwenye dawati langu. Alikuwa akiniita. Mdomo wake ulijipanga kuniita, ukajaribu, ukajaribu tena, na hakikutoka kitu. Nikainuka bila kuitwa, nikachukua chaki mkononi mwake, nikamshika mkono ule uliolala, tukatoka nje.

Mwalimu mkuu alitusindikiza nyumbani akiomba radhi njia nzima. Wiki hiyohiyo Mama alimpakia Baba kwenye gari la Peramiho, kwenda hospitali ya misheni, akanichukua na mimi ili nimshike upande wa pili. Mwanamke mmoja wa pale aliyefanya kazi na wagonjwa wa kiharusi alimsikiliza Baba kwa muda mrefu, kisha akatueleza polepole. Salamu, dua na utani, alisema, mtu amevirudia maisha yake yote hadi vimekuwa kama wimbo. Ukivianza vinajimalizia vyenyewe. Lakini neno la kuchagua, la kuomba maji, la kumwita mtoto, linatoka mahali pengine kichwani, na hapo ndipo Baba alipoumia. “Hadeki, wala hafichi maneno,” alisema. “Anayajua anayotaka kusema. Hayapati tu.” Mama aliuliza kama yatarudi. Akajibu kwamba baadhi, kwa mazoezi, na kwamba hakuna wa kumwambia ni yapi.

Basi Mama akaugeuza utani kuwa dawa. Kila asubuhi barazani alikaa mbele ya Baba na bakuli, akamchokoza kama zamani: “Mngoni mvivu we, mateka wako kakupikia...” na hapo anakata, anangoja. Baba alikuwa akiingia katika ule mchezo kwa kasi, halafu anafika kwenye pengo na kukwama. Anapiga paja. Mama anaanza upya bila kuchoka. Baridi iliisha, upepo wa Septemba ukaja na vumbi lake, na siku moja Baba akalijaza lile pengo: “Uji.” Ulikuwa ugali, lakini nani alijali? Yakafuata maji, baridi, shati, hapana. Yalikuja moja moja, mengine yakapotea tena kesho yake.

Halafu akapata jina. Mama alikuwa anaanua nguo, na Baba, ambaye hakuna aliyemchokoza, aliita, “Asumini!” Mama aliacha nguo zikaanguka. Mbele ya watu, na mbele yangu, tangu nizaliwe, Baba hakuwahi kumwita hivyo. Alikuwa Mama Zuhura, kama ilivyo desturi. Asumini lilikuwa jina la Mama la usichana, la binti wa Tunduru aliyemposa zamani, kabla yangu. Mama alimpigia magoti, akacheka, akajifunika uso kwa kanga. Kisha alinivuta mkono akaniweka mbele ya Baba. “Na huyu? Niite mimi kama zamani, Mama Zuhura, na lake litatoka. Mama...”

“Mama,” Baba akasema. Akanitazama. “Mama... Asumini.”

Tulijaribu mpaka mvua za Desemba zikaanza. Mama kwa utani, kwa kuimba, kwa kumshika kidevu. Nilimwonea Mama wivu, nasema kweli, na nilimkasirikia Baba kwa kurudi kwenye miaka ambayo mimi sikuwamo. Nilikuwa mtoto. Nilidhani mtu husahau jina la asiyempenda sana.

Siku hizi watu wa Songea wanaelewa zaidi. Redio inaeleza dalili, na mdomo ukipinda jirani anatafuta gari kabla hajatafuta maelezo. Nafurahi kwa ajili yao. Mimi nauza mbegu na mbolea mjini, nasema na wateja tangu asubuhi hadi koo linikauke, na jioni narudi Bombambili kukaa na Baba, kwa sababu Mama hatunaye tena. Tulimzika Tunduru, kwao. Maneno ya Baba yamebaki machache, hayaongezeki, na langu halikuja. Akinihitaji huita, “Asumini!” Miezi ya kwanza baada ya msiba nilikuwa nikimsahihisha. “Zuhura, Baba. Mimi ni Zuhura.” Alijua. Hilo ndilo lililokuwa baya, kwamba alijua vizuri ni nani amesimama mbele yake na ni nani tumemzika, na alikuwa akipiga paja lake mpaka linavimba, akilia kwa hasira, akitafuta. Siku moja niliushika ule mkono, maana sikuweza kumtazama akijipiga tena. Tangu hapo, akiita Asumini, naweka chini nilichoshika.

“Abee, Baba,” naitika. “Nakuja.”