Midomo ya Baba

Niliingia kwenye ukumbi mmoja wa sinema wa Kilburn, hapa London, kwa ajili ya baridi, si kwa mapenzi ya sinema. Ilikuwa Jumapili mchana, siku yangu ya mapumziko, na tangu Ijumaa sikuwa nimesema na mtu ila kondakta wa basi. Walikuwa wakionesha picha za zamani zisizo na sauti, na mzee mmoja akipiga piano pembeni.

Kwetu Unguja picha kama ile, ya askari aendaye vitani, ingepewa sauti na watazamaji wenyewe. Tungemwonya askari, tungemtukana mkubwa wake. Hapa watu walikaa kimya kama wanaosubiri daktari, na nikajiona mpweke kuliko nilivyokuwa chumbani kwangu.

Askari alikuwa akimuaga mama yake mlangoni. Midomo ilicheza weee, kisha yakatokea maandishi: "Kwaheri, mama." Basi, ndiyo hayo tu. Nikacheka peke yangu. Halafu akapiga saluti, mkono wa kulia karibu na sikio, na midomo ikaendelea kucheza.

Kicheko kilinikauka.

Mimi niliondoka nyumbani baada ya Mapinduzi, kwa siri, maana kutoka nchini bila kibali kulikuwa hatia. Majirani tuliwaambia nakwenda harusini Dar es Salaam. Kwetu msafiri wa mbali huadhiniwa mlangoni ili afike salama, na baba hakuwahi kumwacha mtu wa nyumba ile atoke hivihivi. Siku yangu alisema tu, "Haya mwanangu, wasalimie maharusi." Nilipogeuka pale njiani nilimwona kizingitini, mkono sikioni kama anayejikuna, midomo ikienda. Nikadhani anatafuna tambuu. Iliniuma sana. Niliamini hakuniridhia safari yangu, na donge hilo nimekaa nalo London miaka yote, hata baada ya kuletewa habari kwamba amekufa.

Mtu hatafuni tambuu kwa mkono sikioni. Mwenye kuadhini ndiye huuweka pale. Baba aliniadhinia, adhana nzima, bila kutoa sauti, kwa sababu majirani wangeisikia na kujua kwamba sendi harusini.

Nililia. Na kwa kuwa adhana hujibiwa, nilimjibu palepale kitini, neno kwa neno. Taa zilipowashwa, bibi wa Kiingereza aliyekaa jirani yangu aliniuliza kama ni mzima, maana aliona midomo yangu inacheza na hakusikia kitu.