Vipande vya Sinema Tulivyookota Ugweno

Enzi zetu kule Ugweno, gari la sinema likipanda mlima, shule nzima ilikuwa haishikiki. Filamu zenyewe zilifundisha kupulizia kahawa dawa na kuchimba choo, lakini nani alijali? Tuliona watu wanatembea ukutani. Raha zaidi ilikuwa pale mkanda ulipokatika, maana fundi alikata sehemu iliyoharibika, akaunga, akatupa kipande chini. Asubuhi yake, kabla hata ya kufagia uwanja wa shule, sisi tulikuwa tumeshainama tunaokota.

Sinema yetu ilikuwa stoo ya kahawa kwa bibi, mchana kweupe. Dirisha tuliliziba kwa gunia, tukaacha tundu. Mmoja alisimama nje na kioo cha babu cha kunyolea, akarusha jua ndani. Jua lilipita kwenye kipande cha mkanda, likapita kwenye balbu mbovu tuliyoijaza maji, na picha ikatua kwenye shuka. Hadithi tulijitungia. Samaki wa bwawa la Nyumba ya Mungu alimmeza bwana shamba, bwana shamba akaibukia kwenye mechi ya mpira. Kipande kikiwa kichafu tulikisugua kwa majivu kama sufuria, na aliyekuwemo akafutika naye. Tulilia, halafu tukagundua kwamba ile mikwaruzo inafaa kuwa mvua.

Ila mdogo wangu Namkunda, binti wa mama mdogo, alikuwa na lake. Baba yake alifariki yeye akiwa bado anabebwa mgongoni, na kwao hapakuwa na picha yake hata moja. Mama yake alimwambia kwamba watu wa sinema waliwahi kumpiga picha akiwa kwenye kahawa. Basi kila kipande Namkunda alikiinulia juani kwanza.

Siku moja aliinua kimoja, akakimbia nacho stoo. Tulipokiweka kile kipande, akatokea mwanamume anazungusha mashine ya kumenyea kahawa, kichwa chini miguu juu, maana kwa haraka tulisahau kugeuza mkanda. Tukamwita mama mdogo kutoka shambani. Alisimama mlangoni na jembe lake, akapinda shingo ili amwone sawasawa.

“Ndiye,” akasema. “Kiraka hicho cha koti nilikishona mimi.”

“Mama, kumbe alikuwa anacheka?”

“Muda wote. Hata kanisani.”

Tulicheka, naye akijifuta macho kwa kanga.

Leo Namkunda ana mvi, na kazi yake ndiyo hiyo. Anakusanya mikanda iliyotupwa maofisini, anaikata, anaikwaruza, anaiunga atakavyo na kuionyesha ukutani. Mwezi uliopita alionyesha ukumbini Same mjini. Vijana walirekodi kila kitu kwa simu bila kuangalia, masikini, sijui wataangalia lini. Wana picha za baba zao mpaka wakipiga mswaki. Sisi tulikuwa na moja, ndogo kama ukucha, na wingu likipita tulingoja jua lirudi ndipo tumwone tena.

Mwanamume wa mashine alipotokea, kijana mmoja alimsogelea Namkunda.

“Shikamoo mama. Huyo ni mwanao? Mmefanana sana.”

“Marahaba.” Namkunda aliutazama ukuta kwanza. “Ni baba yangu. Nimemzidi umri tu.”