Zamu Isiyokuwa na wa Kuipokea

Reli haikufika Embu wala Meru, na baba yangu hakuisamehe kwa hilo. Ilibidi aifuate yeye. Alitoka Runyenjes akiwa kijana, akaajiriwa katika stesheni ndogo ya njia ya Nanyuki, akakaa huko hadi akaota mvi. Mbolea ya kahawa yetu, mabati na saruji vilishukia pale, na yeye ndiye aliyevipokea. Mama, Mmeru wa Githongo asiyefunga mdomo, aliiita reli mke mwenza.

Katika miaka ya tisini treni zilipungua, kisha stesheni ikafungwa. Baba alipewa barua ya kustaafu, akarudi nyumbani. Tulichinja mbuzi. Yeye hakula vizuri, nami nikadhani ni maringo ya mtu aliyezoea kuvaa kofia ya kazi.

Hayakuwa maringo. Wenzake pale stesheni walikuwa na desturi yao: huondoki kwa sababu saa imefika, unaondoka mwenzako akija. Unamsomea hali ya stesheni, taa ipi haina mafuta, dirisha lipi limevunjika, naye anarudia kila neno na kutia sahihi. Hapo ndipo zamu inakuwa yake. Siku ya kufunga hakuja mtu. Baba alisubiri hadi jioni, akafunga milango, akatembea peke yake hadi barabarani. Kwa hiyo, kwa hesabu yake, alikuwa bado kazini. Alipalilia kahawa Runyenjes akiwa kazini. Mchana hakulala hata akishikwa na homa, maana mtu wa zamu halali. Mimi nilimcheka, na hadi leo najuta.

Kisha ukaja uvumi kwamba stesheni itafunguliwa tena. Wapimaji walikuwa wameonekana relini. Baba alinyoa ndevu, akavaa kofia.

"Watatuma mtu," aliniambia. "Lazima apate wa kumkabidhi zamu. Twende."

Tulikuta nyasi zimefunika reli. Lakini jukwaa la abiria lilikuwa limefagiwa likang'aa, na maharagwe yameanikwa juu yake mwisho hadi mwisho. Mwanamke wa makamo, Mmbeere kwa lafudhi yake, alikuwa akiyageuza kwa mguu. Baba alipandwa na hasira.

"Mama, toa hii vitu! Treni inarudi!"

"Inarudi lini, mzee?" aliuliza, mguu ukiendelea na kazi. "Wale wa kupima walikuja, wakasema labda, wakaenda."

"Na ni nani alikuruhusu?"

"Hakukuwa na mtu wa kuuliza. Mimi nafagianga hapa kila siku. Hiyo bati ya ofisi ilitaka kuenda na upepo, nikafunga na waya. Tangi ikivuja, naziba na sabuni. Kama si mimi, ungekuta nini hapa?"

Baba alienda kutazama bati. Akaenda kutazama tangi, akapapasa ile sabuni kwa kidole. Nilidhani atalia, maana mimi mwenyewe nilikuwa karibu. Badala yake alirudi, akasimama wima mbele ya yule mama, akaanza kusoma kutoka kichwani: mlango wa ofisi unakwama wakati wa mvua, usukume kwa chini, darini mwa chumba cha tiketi kuna popo, usiwachokoze, bomba la nyuma lina maji machafu, si ya kunywa.

Yule mama alinitazama kuona kama mzee ana akili timamu. Nikamwomba kwa macho. Akaacha maharagwe yake, akafuta mikono kwenye leso, akarudia kila neno. Aliwasahau popo, baba akamrudisha mwanzo. Mwisho akatia sahihi nyuma ya barua ya kustaafu aliyoitoa baba mfukoni, taratibu, ulimi ukichungulia.

Tukirudi nyumbani, baba alisinzia begani mwangu mdomo wazi, saa saba mchana. Sijawahi kumpenda hivyo.

Stesheni haikufunguliwa mwaka ule, wala uliofuata. Lakini siku moja gari la serikali lilisimama langoni kwetu, akashuka afisa mwenye faili akimtafuta mzee anayeijua stesheni ile. Nilikimbia shambani kumwita. Baba hakuinua hata kichwa kutoka kwenye kahawa yake.

"Mimi niko ofu," alisema. "Mwambie aende kwa yule mama. Na aingie na heshima, mtu ako kazini."